Mashine Iliyokatazwa Kuzimwa

Kompyuta ililia "ding" kwa mara nyingine, na Inspekta akaapa moyoni kwamba ikirudia tena ataibeba nzimanzima aitie mbaroni pamoja na waya zake.

Alikuwa amebofya dirisha la draivu. Ding. Akabofya pembeni. Ding. Akabofya alama ya kufunga. Ding, kwa sauti ileile ya adabu, kama mhudumu anayekuambia bosi hayupo huku wewe unamwona bosi kupitia kioo.

"Izime tu, uiwashe, Afande," alisema Mhandisi wa kampuni ya ujenzi, aliyekuwa ameegemea fremu ya mlango, mikono mifukoni. Alikuwa mrefu kiasi cha kuinama kidogo kila alipopita mlango wowote. "Hizi mashine ni kama mke aliyenuna. Unatoka nje kidogo, unarudi, mnaanza upya."

Konstebo, aliyesimama dirishani, alicheka. Inspekta alimtazama. Akaacha.

"Hata mtaalamu wetu wa kituoni kasema hivyo kwenye simu, Afande," Konstebo alijitetea. "Zima, washa."

"Mtaalamu wetu hata mtu akivunjika mguu atasema azimwe awashwe."

Juu ya kioo cha skrini ilibandikwa karatasi iliyoandikwa kwa wino mwekundu: USIZIME. Chini yake, kwa kalamu nyingine na hasira nyingine, iliongezwa: HATA KAMA.

Inspekta alifuta uso kwa kiganja. Asubuhi yote alikuwa kwenye chumba hiki, na hadi sasa alichojifunza ni kwamba kiti kilikuwa kirefu mno na feni ilikuwa inapuliza upande usio na watu.

Jambo lenyewe lilikuwa hivi. Jumatatu mchana, ngazi za zahanati mpya iliyojengwa na kampuni hii zilikatika, zikamfukia fundi rangi aliyekuwa akipaka ukuta chini yake. Alikata roho kabla hajafikishwa hospitali. Walipopasua zege walikuta nondo nyembamba, za milimita kumi, mahali ambapo mtu mwenye akili timamu angeweka za kumi na sita. Kampuni, kwa kinywa cha Mhandisi aliyenunua nondo na kusimamia ujenzi, ikasema imejenga kama ramani ilivyoelekeza. Ramani ilichorwa na binti mmoja, mchoraji wa ofisi hiihii, aliyekuwa ametoka juzijuzi kwenye likizo ya uzazi. Binti akasema yeye alichora kumi na sita. Ramani iliyoletwa polisi ikasema kumi.

Sasa binti alikuwa selo. Mama yake alishinda kwenye benchi la kituo na kichanga mapajani, akisubiri aitwe ili mtoto anyonyeshwe kupitia mlango wa chuma uliofunguliwa nusu. Saa kumi jioni jalada lingekwenda kwa mwendesha mashtaka. Likishakwenda, kulirudisha ni kazi ya kurudisha maji mtungini.

Na ushahidi wote ulikuwa kwenye diski ambayo haipo.

Kampuni ilikuwa na utaratibu wake. Kazi ikishachorwa, ramani zake zote zilichomwa kwenye diski moja ya kupelekwa manispaa. Kabla haijaondoka, diski ile iligeuzwa faili moja kubwa, taswira ya diski nzima, likabaki ofisini. Kompyuta za siku hizi hazina kinywa cha kumeza diski, lakini ukilibofya faili lile mara mbili, kompyuta inalipachika: inajifanya imemezeshwa. Draivu mpya inatokea kwenye skrini na herufi yake na jina lake, unaifungua, unasoma kilichomo. Ukimaliza unaichomoa. Kwa kweli hakuna ulichochomeka wala ulichochomoa. Ni mchezo wa kuigiza, ila mashine inauigiza kwa moyo wote.

Diski ya kweli Inspekta alikuwa ameifuata manispaa jana. Karani alimwambia diski ipo, kisichokuwepo ni kifaa cha kuisomea. Akapelekwa chumba hiki, akarudishwa kile, mwisho akaikuta mwenyewe: ilikuwa kwenye meza ya karani, imekaliwa na kikombe cha chai, uso wake wa kung'aa umekwaruzika kama sufuria iliyosuguliwa kwa mchanga. Haikusomeka popote. Zilibaki taswira mbili za kutumaini: ile ambayo Mhandisi aliwaletea polisi kwenye flashi, na yoyote itakayopatikana humu, kama mashine ingekubali.

Ding.

"Nieleze tena," Inspekta alimwambia Mhandisi, akiiachia kompyuta ipumue. "Binti alifanya nini Jumatatu?"

Mhandisi alivuta pumzi kama mwalimu aliyerudia somo mara tatu. "Nimeshaeleza, dada yangu..."

"Afande."

"Afande. Habari zilipofika kwamba ngazi zimeanguka, alikimbilia hapa. Nilimwona kwa macho yangu mawili. Amekaa hapo ulipokaa, amefungua draivu ya ngazi, anafuta michoro. Sikutilia maanani. Mtu amekufa, akili ya kufuatilia nani anabofya nini naitoa wapi?"

"Alikuwa anafuta kutoka ndani ya draivu."

"Ndiyo."

"Hii inayopachikwa kutoka kwenye faili."

"Kwani kuna nyingine, Afande?"

"Na wewe ulikuwa umesimama wapi?"

"Hapahapa mlangoni."

Inspekta alirudisha macho kwenye skrini. Jana, kituoni, alikuwa amelipachika faili la flashi kwenye kompyuta yake, na kwa ukaidi tu akajaribu kufuta mchoro mmoja. Ilikataa. Akajaribu kubadilisha jina lake. Ilikataa. Akajaribu kuhifadhi herufi moja juu yake, ikakataa hiyo nayo. Draivu ya namna hii ni ya kusoma tu. Kufuta kitu ndani yake ni kama kufuta neno kitabuni kwa kulifunika na kidole: ukiinua kidole, neno liko palepale.

Kwa hiyo Mhandisi alikuwa amekosea au amedanganya. Njia ya mwongo ni fupi, lakini ya asiyejua nayo ni fupi vilevile, na kwa mbali zote mbili zinafanana. Isitoshe, kulikuwa na mtu mwingine wa kutiliwa shaka. Mashine hii ilikuwa na mlinzi.

"Mhandisi, nisubiri koridoni. Konstebo, niitie yule mama aliyebandika karatasi."

Katibu muhtasi aliingia akiwa na miwani inayoning'inia kifuani na pochi aliyoishika kwa mikono miwili, kama mtu aliyekuja msibani kwa watu asiowapenda. Alikuwa mfupi, mnene, na ofisi nzima ilimwita Mama Usizime, mbele yake na nyuma yake.

"Mama, nani anaigusa kompyuta hii?"

"Mimi."

"Na nani mwingine?"

"Mimi tena."

Konstebo alikohoa.

"Usinikoholee, mwanangu, mimi si vumbi," mama alimwambia, kisha akamgeukia Inspekta. "Unajua kazi ya kupachika wewe? Huyu anataka ramani ya shule. Yule anataka ya ghala. Wa tatu anataka ya choo, na ana haraka kuliko wote. Kila moja bofya, subiri, chomoa. Bofya, subiri, chomoa. Nikasema, ninazichomoa za nini? Nikazipachika zote zikae. Lakini ukizima mashine, zinadondoka zote kama nguo zilizokatikiwa na kamba, na asubuhi ni mimi wa kuzianika upya. Ndiyo nikaandika karatasi."

"Na hiyo 'hata kama'?"

"Hiyo ni baada ya mtu wa usafi kuizima. Eti aliona inapumua vibaya."

"Haijazimwa tangu lini?"

"Tangu hapo. Huyo binti wetu mchoraji alikuwa bado hajaenda kujifungua. Ya kwake ya ngazi ndiyo ilikuwa ya mwisho kupachikwa, na haijawahi kutoka."

Inspekta aliinua kichwa. "Jumatatu, binti alikuja kukaa hapa?"

"Saa ngapi? Habari zinakuja alikuwa chumba cha chai kule nyuma, amefunga mlango, anamkamulia mtoto maziwa. Mimi ndiye niliyemgongea. Alidondosha chupa, maziwa yakamwagika sakafuni, akayafuta yeye mwenyewe huku analia. Hakutoka kule mpaka polisi walipomfuata."

"Mama! Mbona jambo hilo hukulisema?"

"Nimwambie nani? Aliyekuja ni huyu hapa," akamnyooshea Konstebo kidevu, "akaniuliza swichi iko wapi. Nikamwonyesha karatasi."

Konstebo aliangalia viatu vyake. Jumatatu jioni, alipotumwa kufunga chumba kwa lakiri, alisoma neno USIZIME, akatii, akaiacha mashine inaunguruma mpaka leo. Inspekta alikuwa amemgombeza mbele ya kituo kizima.

"Basi nani alikaa hapa siku hiyo?"

"Sikumwona mtu. Mhandisi alinituma getini nikawapokee watu wa manispaa. Nimefika, hakuna hata paka. Nikarudi. Nakaa kwenye kiti changu, miguu haifiki chini, inaning'inia kama ya mtoto kwa kinyozi. Mtu amekipandisha! Kiti changu! Hata sasa sijapata nafasi ya kukishusha, mmefunga chumba. Na Mhandisi amesimama pale anajifuta jasho, ananiambia, 'Mama, zima mashine.' Nikamwambia soma. Akasema, 'Zima, nimekuambia.' Nikamwambia bosi mkubwa mwenyewe simzimii, sembuse wewe. Tukavutana weee, mpaka mkaja."

"Wakati mnavutana ulikuwa unaitumia?"

"Nilikuwa nafanya kazi yangu. Nimefungua barua, nimefungua ratiba, nimefungua na vingine. Dirisha juu ya dirisha, ndiyo kawaida yangu."

Inspekta alitazama miguu yake mwenyewe. Yeye hakuwa mfupi, na visigino vyake vilikuwa vinatafuta sakafu.

Ndipo feni iliposimama.

Taa za koridoni zilizimika kwa pamoja, mtu fulani ofisi ya jirani akaguna, na chini ya meza kisanduku cha betri kikaanza kulia: pii. Kikanyamaza. Pii. Skrini ilibaki inawaka.

"Hii betri inachukua muda gani?" Inspekta aliuliza.

"Ikiwa na afya, wa kunywa chai," alijibu Mama Usizime. "Lakini haina afya."

Mhandisi alichungulia mlangoni. Uso wake ulikuwa umechangamka kwa namna ambayo giza halimchangamshi mtu. "Umeme huo, Afande. Basi izime vizuri kabla haijajizimia yenyewe. Mtaharibu ushahidi."

Pii.

Inspekta alikuwa ameshaupeleka mkono kwenye kitufe. Alikuwa amechoka, joto lilikuwa limeanza kupanda, na kwa mara ya kwanza siku hiyo watu wote walikuwa wamekubaliana jambo moja. Kidole kilisimama kabla ya kugusa.

Wengine wote walimshauri mara moja tu kwamba azime, wakaendelea na shughuli zao. Mtu mmoja tu hakuchoka kuliomba jambo hilo tangu Jumatatu.

Alilifikiria faili kama kiti. Faili lililopachikwa ni kiti kilichokaliwa. Huwezi kukivuta wakati mtu yupo juu yake. Kama kuna aliyetaka kulifuta Jumatatu, kompyuta ingemkatalia. Ingemwambia linatumika. Angehitaji kwanza draivu zidondoke, na hapa ofisini, ambapo wote wamezoea kupachikiwa na hakuna anayechomoa, draivu hudondoka kwa njia moja tu: mashine ikizimwa.

Na ile ding? Mashine iliyoganda haisemi kitu. Hii ilikuwa inajibu kila ikiguswa. Ilikuwa na neno ililolisema ikawa inasubiri ijibiwe, na neno lenyewe lilikuwa limefunikwa.

"Dirisha juu ya dirisha," Inspekta alinong'ona.

Alianza kuyashusha moja moja. Barua. Ratiba ya magari. Barua nyingine. Orodha ya waalikwa wa harusi ya mtu. Pii, pii, betri ilikuwa imeongeza mwendo. Mchezo wa karata, uliofikia pabaya.

"Hiyo ni ya kupumzisha macho," alisema Mama Usizime.

Nyuma ya karata, katikati ya skrini, kilikuwepo kisanduku kidogo cha kijivu kilichotoka kwenye programu ambayo mama alisema hajawahi kuiona. Inspekta alikisoma kwa sauti.

"'Faili hili linatumika na haliwezi kufutwa sasa. Litafutwa kompyuta itakapowashwa tena.'" Chini yake palikuwa na jina la faili, NGAZI, na vitufe viwili: Sawa na Ghairi.

Koridoni, kiatu kilisogea.

"Mhandisi, usiondoke," Inspekta alisema bila kugeuka. "Konstebo, piga picha hii. Piga na nyingine. Ya tatu, mkono wako unatetemeka."

"Ni njaa, Afande."

"Tetemeka ukiwa umemaliza."

Alibofya Ghairi. Kisanduku kikatoweka, na dirisha la draivu, lililomnunia tangu asubuhi, likafunguka kama halijawahi kuwa na ugomvi na mtu. Draivu za mama zilijipanga kwa herufi zake: shule, ghala, choo, soko. NGAZI. Akashuka zaidi. NGAZI.

"Mama, ya ngazi uliipachika mara ngapi?"

"Mara moja. Mara mbili ya nini, ni pacha?"

Ya kwanza ilikuwa ndugu wa ile ya kwenye flashi: nondo za milimita kumi, na taswira yenyewe imetengenezwa Jumatatu alasiri, wakati fundi rangi yuko tayari chumba cha maiti. Ya pili ilitengenezwa mwezi ambao tumbo la binti lilikuwa bado halijaonekana. Inspekta alifungua ramani yake. Mistari ilitokea taratibu, ngazi moja baada ya nyingine, safi kama mwandiko wa mtoto anayependa shule. Nondo, milimita kumi na sita. Pembeni mchoraji alikuwa ameongeza maneno: zisipunguzwe. Na kwenye kona ya chini, penye nafasi ya aliyeidhinisha, ilikuwepo sahihi ya Mhandisi.

Pii-pii-pii.

Alichomeka diski ngumu ya polisi, ile ya waya, akaanza kunakili draivu nzima. Mstari wa kijani ulianza kutambaa. Ukafika nusu. Ukasimama kufikiria maisha.

"Twende basi," Inspekta aliuambia. "Twende, baba, twende, nikushike mkono?"

"Ikikwama huwa naipigapiga ubavuni," Mama Usizime alitoa wazo.

"Mama, tafadhali. Kwa heshima zote. Usiiguse."

Mstari ulijikokota, ukasita, ukajikokota, kisha ukaruka kipande cha mwisho kwa mkupuo. Imekamilika. Inspekta alichomoa diski yake na kuishika kifuani kwa mikono miwili. Pii ikawa mlio mmoja mrefu, na skrini ikafa.

Sasa hata mbu alisikika.

"Kompyuta nazo hukosea," Mhandisi alisema. Sauti yake ilikuwa bado nzuri. "Huenda binti alitengeneza zote mbili."

"Konstebo, nenda ukasimame alipo yeye. Geuka huku. Unaona nini?"

Konstebo alisimama mlangoni. Kutoka pale skrini ilikuwa imewapa watu kisogo. "Waya, Afande. Na vumbi."

"Huwezi kuona mtu anabofya nini?"

"Labda awe anabofya ukutani."

"Wewe ulimwona anafuta michoro kwenye draivu isiyofutika, ukiwa mahali pasipoonekana kitu," Inspekta alimwambia Mhandisi. "Yeye alikuwa nyuma, anafuta maziwa. Ulinunua nondo nyembamba ukaweka sahihi kwenye nene. Ngazi zilipoanguka ulichora upya, ukatengeneza diski mpya, ukaenda kulifuta faili la zamani, likakataa kwa sababu mama alilipachika na hajui kuchomoa."

"Najua kuchomoa," alisema Mama Usizime. "Sitaki."

"Ukaiachia programu kazi hiyo. Ulichohitaji ni mtu mmoja tu azime. Ulitaka azime mama. Alipokataa, ulitaka nizime mimi, nikalifute kwa mkono wangu mwenyewe."

Simu iliita mfukoni mwa Mhandisi. Aliitoa, akatazama nani anapiga, na kidole gumba kikaanza kuelekea kwenye skrini.

"Mhandisi," Inspekta alisema akiwa amenyoosha kiganja. "Izime. Kisha nipe."

Mhandisi akaizima.

Konstebo alipomtoa, alipita karibu na meza na kusita. "Afande, ile Jumatatu, kama ningeizima..."

"Nyamaza. Nilikugombeza, na leo nakushukuru. Usizoee."

Inspekta alikishusha kiti cha mama mpaka mwisho, kwa sababu hilo angalau liliwezekana kurekebishwa bila umeme, kisha akapiga simu kituoni. Kabla hajasema lolote alisikia kilio cha mtoto, kikali, cha mtu asiyeelewa taratibu za selo.

"Afande, hapa hatusikilizani," alisema ofisa wa zamu. "Bibi yake anauliza kama muda wa kunyonya umefika. Nimemwambia bado, ni mpaka saa nane."

"Mpe mama yake sasa hivi. Nakuja na diski, nitaandika mwenyewe."

"Nikishampa nifunge?"

Inspekta alitazama karatasi nyekundu juu ya skrini nyeusi.

"Usifunge," alisema. "Hata kama."